Baada ya Mazishi: Haki ya Waliofiwa Barabarani

Hotuba kwa viongozi wa makanisa na wanaharakati wa haki, Kericho



Tumeombwa tuseme juu ya fidia kwa jamaa za watu wanaouawa na magari. Tutasema kama mawakili, wala hatutaficha neno.

Nchi hii ya majani chai imeomboleza sana. Tarehe 10 Oktoba 2018, basi lililotoka Nairobi likielekea Kakamega lilipinduka Fort Ternan, watu zaidi ya 50 wakafa. Tarehe 30 Juni 2023, lori liliacha njia katika makutano ya Londiani, likawavamia wachuuzi, abiria na wapita njia. Watu 52 wakapoteza maisha. Viongozi walitoa rambirambi, na waumini wakachanga. Hayo ni mema. Lakini mchango wa mazishi ni huruma, na fidia ni haki. Huruma huja yenyewe na matanga. Haki hudaiwa matanga yakishaanuliwa, wakati ambapo mjane amekwisha kuachwa peke yake.

Sheria yasemaje? Sheria ya Ajali za Vifo, Sura ya 32, inawapa mke au mume, wazazi na watoto wa marehemu fidia kutoka kwa yule aliyesababisha kifo kwa uzembe. Kaka na shemeji hawamo katika orodha hiyo. Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 405, inamlazimu mwenye gari awe na bima kwa ajili ya watu anaoweza kuwadhuru. Mahakama ikishaamua, kampuni ya bima hulipa hadi shilingi milioni 3 kwa mtu mmoja. Kinachozidi hapo hudaiwa mwenye gari. Nayo Katiba ya 2010, katika Kifungu cha 48, inaiagiza Serikali ihakikishe kwamba kila mtu anaifikia haki, na kwamba ada ya mahakama haiwi kizuizi.

Mbona basi wengi hawapati kitu? Tumeona vikwazo vitatu.

Kwanza ni wakati. Kesi yapasa kufunguliwa kabla ya miaka 3 kutimia tangu siku ya kifo, na ni kwa sababu chache mno mahakama humsamehe aliyechelewa. Kwa waliokufa siku ile Fort Ternan, hesabu ilitimia Oktoba 2021. Kwa wa Londiani, hutimia mwisho wa Juni 2026. Miaka 3 yaonekana mingi, kumbe humezwa na karo, magonjwa na ugomvi wa shamba. Jamaa wengi hudhani lazima mirathi yote imalizike ndipo washtaki. Sivyo. Mahakama hutoa hati ya usimamizi kwa ajili ya kufungua kesi peke yake, hata kama shamba halijagawanywa. Na msimamizi akikaa miezi 6 bila kushtaki, sheria inawaruhusu mjane na watoto kushtaki wao wenyewe.

Pili ni ushahidi wa kipato. Mchumaji wa chai katika shamba la kampuni ana hati ya mshahara. Mkulima mdogo ana risiti za majani aliyopima kituoni. Je, mama aliyekuwa akiuza mboga kando ya barabara? Hakuandika hesabu yoyote, ingawa aliwasomesha watoto kwa jasho hilo. Mawakili wa bima husimama na kusema hana thamani iliyothibitishwa. Mahakama ya Rufani ilikwisha kulijibu jambo hili mwaka 2005: karatasi si njia pekee ya kuthibitisha kipato, kwani kusema hivyo ni kuwadhulumu Wakenya wengi wanaojipatia riziki bila kuweka kumbukumbu. Basi jirani wa sokoni na mwalimu aliyepokea karo ni mashahidi. Waitwe.

Tatu ni wanaomnunua mjane. Mwenye gari huja na jeneza na gunia la mahindi, kisha hutoa karatasi ya kutiwa sahihi kwamba “tumemalizana nyumbani.” Wazee wetu wanajua kupatanisha, na upatanisho ni baraka, lakini upatanisho haulazimu mjane asaini kwamba hadai kitu. Madalali nao huvizia penye vyumba vya maiti wakitafutia mawakili wateja. Sheria ya Mawakili inakataza biashara hiyo, tena haikubali mapatano ya kwamba wakili atalipwa akishinda tu. Wakili akipokea fidia, fedha hizo ni za mteja, naye hana budi kuzitolea hesabu.

Yako pia ya kudai kwa watunga sheria. Mwaka 2011 kampuni ya Blue Shield, iliyobeba bima za matatu nyingi, iliwekwa chini ya msimamizi, na watu walioshinda kesi wakabaki na hukumu mikononi. Aliyegongwa na gari lililotoroka usiku hana hata wa kumshtaki. Afrika Kusini hutoza kila lita ya mafuta kwa ajili ya Mfuko wa Ajali za Barabarani, unaomfidia hata asiyejua nani alimgonga. Mfuko huo umelemewa na madeni, nasi tujifunze kwa makosa yake. Lakini yatima asibebeshwe dhambi ya kampuni iliyofilisika.

Kifungu cha 2A kilipofutwa Desemba 1991, tulipata uhuru wa kuchagua chama. Mageuzi hayo yasiishie kwenye sanduku la kura. Yamfikie mjane wa Londiani, Bomet na Sotik. Kila kanisa liwe na daftari. Liandikwe siku ya kifo, nambari ya gari, maelezo ya stika ya bima, kituo cha polisi kilichoandika ajali, na mashahidi. Mjane asitie sahihi kabla karatasi haijasomwa na mtu anayeielewa. Na aendapo mahakamani, wawili kati yenu wafuatane naye.

Yule mjane wa Luka mlango wa 18 alimwendea kadhi peke yake, tena mara nyingi. Wajane wetu wasiende peke yao.