Mbwa wa nyumbani anapoteseka

Leo tunajibu swali tulilopata hapa Baraka na kule Fizi pia. Mbwa aliyelinda nyumba kwa miaka mingi sasa amelala chini, hali chakula, hasimami, kidonda kimejaa funza. Mama mmoja amefunga na kumwombea, na usiku anamsikia akilia. Kumwua ni dhambi?

Tusome Mithali 12:10. Mwenye haki anajulikana hata kwa namna anavyomjali mnyama wake. Na yule maskini wa 2 Samweli 12 alimlea mwanakondoo kama binti yake. Nabii Nathani hakumcheka. Basi anayemlilia mbwa asichekwe kanisani.

Lakini kumjali si kurefusha mateso yake. Wenye elimu wanaita jambo hili eutanasia, neno la Kigiriki: kifo chema. Daktari wa mifugo anachoma sindano ya usingizi, dawa nyingi. Mnyama analala, kisha pumzi na moyo vinasimama, dakika chache tu. Hiyo sisi tunaiita rehema. Dhambi tunaiona kwingine: kumtupa porini afe njaa, kumwachia watoto wampige mawe, kumtilia sumu ya panya ambayo huua polepole na kwa uchungu. Daktari huyo hapatikani kila mahali, tunajua. Mtafuteni basi mtu mzima mwenye ujuzi, amalize mara moja, watoto wakiwa mbali.

Hoja hii msiipeleke kitandani kwa bibi! Mwanzo 9 inatenga: wanyama walitiwa mikononi mwetu, lakini damu ya mtu, aliyeumbwa kwa mfano wa Mungu, inadaiwa. Mgonjwa wetu tunamtafutia dawa ya maumivu na tunakaa naye.

Na mbwa mwenye kichaa? Msimshike. Dalili zikishatokea, ugonjwa huo hauna dawa, kwake wala kwa mtu. Aliyeumwa aoshe kidonda kwa maji na sabuni dakika 15, akimbilie hospitali siku ileile akachanjwe. Maombi tutayafanya njiani.

Watoto watauliza kama mbwa wao yuko mbinguni. Mhubiri 3:21 linaacha jambo hilo kuwa swali, nasi hatuongezi. Mchimbieni shimo lenye kina, mbali na kisima, na waacheni walie.