Gharama ya Kweli ya Nyumba ya Mkopo

(Hotuba iliyosomwa na Karani wa Chama katika Mkutano Mkuu wa Mwaka)



Halmashauri ilituagiza tuseme mbele yenu juu ya mikopo ya nyumba, nasi twashukuru kwa heshima hiyo. Sababu ya agizo lenyewe yajulikana na wengi wenu. Vijana wetu walioajiriwa mjini wamechoka kulipa kodi ya nyumba kila mwezi, nao wataka kukaa katika nyumba zao wenyewe. Jambo hilo ni jema, wala hatukusimama hapa kulipinga. Lakini mara nyingi kijana hurudi nyumbani kwa baba yake kuomba hati ya shamba iwe dhamana, na mzee huombwa kutia sahihi au alama ya kidole gumba katika karatasi asizosomewa. Basi, kabla kidole hakijagusa wino, yafaa sote tujue nyumba hiyo itakuwa imegharimu kiasi gani siku ya mwisho.

Wahenga walisema, kukopa harusi, kulipa matanga. Nia yetu leo ni kuonyesha kwa hesabu jinsi matanga hayo yalivyo marefu, na njia ya kuyafupisha.

Tumchukue mtu mmoja wa kufikiriwa tu. Aona nyumba mjini, bei yake shs. 3,750,000. Anazo shs. 750,000 alizoziweka akiba, naye azitoa ziwe malipo ya awali. Zilizobaki, shs. 3,000,000, azikopa benki kwa riba ya 13 kwa mia kwa mwaka, alipe kwa miaka 20. Benki yamwambia kwamba atalipa shs. 35,147 kila mwezi. Kijana afikiri hivi: “Kodi yangu sasa ni shs. 30,000. Nikiongeza shs. 5,000 na kidogo, nyumba ni yangu.” Afurahi, atia sahihi.

Ndugu zetu, kijana huyo ameuliza swali moja tu, nalo ni la mwezi mmoja. Hakuuliza swali la miezi 240. Shilingi 35,147 zikilipwa mara 240 hufika shs. 8,435,000 hivi. Alikopa milioni 3, na atarudisha zaidi ya milioni 8 na laki 4. Riba peke yake ni kama shs. 5,435,000, yaani yapita bei ya nyumba yenyewe. Hapa benki haikumwibia mtu, wala haikuficha neno. Hesabu imo katika karatasi zake, ila hakuna aliyeiuliza.

Yafaa tueleze jinsi jambo hili linavyotokea. Riba huhesabiwa kila mwezi juu ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 3 kamili, kwa hiyo riba ya mwezi huo ni shs. 32,500. Katika zile shs. 35,147 alizozileta kijana, shs. 32,500 ni za riba, na shs. 2,647 tu ndizo zilizopunguza deni. Mwezi wa pili hali ni karibu ile ile. Huendelea hivyo polepole, riba ikipungua kidogo na sehemu ya deni ikiongezeka kidogo, hata miaka ya mwisho ndipo deni linaposhuka kwa haraka.

Sasa tafadhalini msikilize kwa makini. Baada ya miaka 10, kijana wetu atakuwa amelipa zaidi ya shs. 4,217,000, bila kukosa hata mwezi mmoja. Atadhani amefika nusu ya safari. Lakini deni lake litakuwa bado shs. 2,354,000. Katika miaka 10 amepunguza deni kwa shs. 646,000 tu. Akifutwa kazi mwaka huo, au akishikwa na ugonjwa, benki itamdai karibu robo tatu na zaidi ya fedha alizozikopa mwanzo. Hili ndilo wazee wengi hawakuambiwa. Wao huona mtoto amelipa miaka 10, wakadhani shamba limekaribia kuwa huru.

Basi, kitu kilicho ghali kupita vyote katika nyumba ya mkopo si mawe wala mabati, ni muda. Tuutazame muda huo. Mtu yule yule angekopa fedha zile zile kwa riba ile ile, lakini kwa miaka 15 badala ya 20, angelipa shs. 37,957 kwa mwezi. Nyongeza ni kama shs. 2,810 tu. Lakini jumla yote ingekuwa shs. 6,832,000 hivi, na angeokoa zaidi ya shs. 1,600,000. Tena, akikubali miaka 20 lakini akawa aongeza shs. 5,000 kila mwezi tangu mwanzo, deni litakwisha kabla ya kutimia miaka 13, naye ataokoa zaidi ya shs. 2,200,000. Haba na haba hujaza kibaba. Na katika mkopo wa nyumba, haba ya mapema ina nguvu kuliko kibaba cha mwisho. Ila lazima kwanza aulize benki, naye ajibiwe kwa maandishi, kama nyongeza hiyo itapunguza deni lenyewe, na kama kuna faini ya kulipa kabla ya wakati.

Jambo la pili ni riba inayobadilika. Wengi husoma 13 kwa mia wakadhani ndiyo itakayodumu miaka yote. Sivyo. Mikopo mingi huandikwa kwamba riba yaweza kupanda au kushuka. Katika nchi yetu, kiwango cha Benki Kuu kilikuwa 5.75 kwa mia mwanzoni mwa mwaka 2011, na ilipofika Desemba mwaka ule ule kilikuwa 18 kwa mia. Sheria ya kuwekea riba za mabenki mpaka ilianza kutumika Septemba 2016, ikaondolewa Novemba 2019. Kiwango hicho kilikuwa 7 kwa mia mwanzoni mwa 2022, kikafika 13 kwa mia Februari 2024, kisha kikaanza kushushwa Agosti mwaka huo. Mkopo wa miaka 20 hupita katika misimu mingi ya namna hiyo.

Riba ya kijana wetu ikipanda kutoka 13 hadi 16 kwa mia wakati deni lingali karibu milioni 3, malipo ya mwezi yatakuwa kama shs. 41,700. Na kama ataendelea kulipa shs. 35,147 zile zile, hazitatosha hata riba, maana riba ya mwezi itakuwa shs. 40,000. Atalipa kila mwezi, na deni litakua kila mwezi.

Kwa upande wa pili, riba ikiwa nafuu, faida ni kubwa vile vile. Mkopo huo huo wa miaka 20 kwa 9 kwa mia hulipwa shs. 26,992 kwa mwezi, na jumla yake ni shs. 6,478,000 hivi. Zile 4 kwa mia zinazoonekana ndogo ni karibu shs. milioni 2. Kwa sababu hiyo twawasihi wanachama waulize juu ya mikopo inayotokana na fedha za Kenya Mortgage Refinance Company, iliyoundwa mwaka 2018. Kampuni hiyo haimkopeshi mtu mmoja mmoja, bali huwapa mabenki na vyama vya akiba na mikopo fedha za muda mrefu, ili nao waweze kukopesha kwa riba nafuu.

Jambo la tatu ni gharama zisizotajwa katika malipo ya mwezi. Kuna ushuru wa stempu, 4 kwa mia ya thamani mjini na 2 kwa mia mashambani, isipokuwa kwa wale walioondolewa na sheria. Kwa nyumba yetu ya mfano ni shs. 150,000. Kuna wakili, kuna mthamini, kuna ada ya benki. Kuna bima ya moto, na bima ya maisha ya mkopaji, ambayo hulipa deni akifariki. Bima hiyo ya pili isidharauliwe, kwa kuwa ndiyo inayomlinda mjane na watoto. Kisha kuna kodi ya ardhi kwa serikali ya kaunti, na matengenezo ya paa na mabomba, ambayo zamani yalikuwa juu ya mwenye nyumba.

Baada ya kusema hayo yote, haki yatutaka tuseme na neno la upande mwingine. Mtu alipaye kodi ya shs. 30,000 kwa miaka 20, hata kodi isipopanda kamwe, atakuwa ametoa shs. 7,200,000, naye hatakuwa na hata mlango mmoja wa kuita wake. Kwa hiyo mkopo si upumbavu. Upumbavu ni kukopa bila kujua. Mwishoni mwa mwaka 2023 mikopo ya nyumba katika Kenya nzima ilikuwa kama 30,000 tu, katika nchi iliyohesabiwa watu zaidi ya milioni 47 mwaka 2019. Njia hii bado ni ngeni kwetu, na mgeni njiani hana budi kuuliza.

Sasa twageukia kwenu, Wazee wetu, kwa heshima. Nyumba inayonunuliwa ndiyo dhamana ya kwanza ya mkopo wake. Benki ikisema haitoshi, ikataka na shamba, basi ama bei ya nyumba imepita thamani yake, ama mkopo umepita nguvu za mtoto. Ishara hiyo isipuuzwe. Mambo yakiharibika, kijana atatafuta chumba kingine cha kupanga mjini. Watakaohama shambani ni mama yake na wadogo zake, na watakaoachwa nyuma ni wale tuliowazika pale. Shamba la kilimo lililo katika eneo linalosimamiwa haliwekwi rehani ila kwa kibali cha Bodi ya Ardhi. Mkiitwa mbele ya Bodi, msikae kimya. Ulizeni.

Nanyi akina Mama, jueni kwamba kwa Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012, nyumba ya ndoa haiwezi kuwekwa rehani kwa halali bila idhini ya mke au mume. Sahihi yenu si pambo. Tena sheria hiyo yataka mwenye deni aliyeshindwa apewe notisi ya miezi 3 isiyopungua ili arekebishe, na notisi nyingine ya siku 40 kabla ya kuuzwa. Nayo Sheria ya Mabenki, kifungu cha 44A, yasema kwamba mkopo ukikwama, riba inayoendelea haiwezi kuzidi deni la asili lililokuwa limebaki siku ulipokwama. Mtu apataye barua ya benki asiifiche chini ya godoro. Siku za notisi ndizo siku za kwenda kuzungumza na benki, maana baada ya nyundo ya dalali maneno huwa machache.

Twaomba, basi, kila mwanachama aulize maswali manne kabla ya kutia sahihi. La kwanza, jumla ya yote nitakayolipa hadi siku ya mwisho ni ngapi? La pili, baada ya miaka 5 na baada ya miaka 10 nitakuwa nadaiwa kiasi gani? La tatu, riba ikipanda kwa 3 kwa mia, nitalipa ngapi kwa mwezi, na mshahara wangu utatosha? La nne, nikilipa mapema, nitatozwa nini? Benki huweza kutoa jedwali la malipo lionyeshalo kila mwezi, riba kando na deni kando. Asiyepewa jedwali hilo asitie sahihi.

Bwana Mwenyekiti, twapendekeza mkutano huu ukubali azimio moja: kwamba mwanachama yeyote anayeombwa kutoa hati ya shamba au kuwa mdhamini asomewe kwanza jedwali la malipo, kwa lugha inayoeleweka nyumbani kwake, mbele ya mkewe au mumewe. Ofisi ya karani itakuwa tayari kulisoma na kulipiga hesabu pamoja naye, bila malipo. Twaomba tu mtujie kabla ya sahihi, si baada yake.

Mali bila daftari hupotea bila habari. Nyumba ni mali, shamba ni mali, na miaka 20 ya jasho la mtoto ni mali pia. Tuyaandike yote matatu katika daftari moja, ndipo tuamue.