Ushuru Uliozidi na Siku ya Kurejeshwa Kwake

Hotuba ya wakili mmoja kwa waumini na wanaharakati, ukumbi wa kanisa



Nimeombwa nizungumze juu ya jambo lisilo na mvuto wa jukwaani, yaani ule ushuru uliokatwa kupita kiasi, na siku utakapoonekana tena katika akaunti ya mwenyewe. Najua wako waliotarajia nizungumzie Katiba. Nitaizungumzia, maana imo humo humo.

Kwanza tuelewane. Mtu anaporejeshewa ushuru hapewi msaada, wala hafanyiwi hisani na afisa yeyote. Anarudishiwa mali yake. Kifungu cha 210 cha Katiba ya mwaka 2010 kinasema hakuna ushuru utakaotozwa ila kwa mujibu wa sheria. Basi shilingi iliyozidi kiasi kilichoagizwa na sheria haina kibali cha kukaa katika mikono ya dola. Ndivyo ninavyokisoma kifungu hicho, na sijaona hoja ya kunibandua hapo.

Ushuru unazidije? Wengi hudhani hayo ni mambo ya makampuni makubwa na mahesabu yao. Sivyo. Tuchukue mfanyakazi aliyeajiriwa mwezi wa Januari kwa mshahara wa shilingi 60,000 kwa mwezi, na mwisho wa Juni mkataba wake ukakatika. Ili hesabu isitushinde, tuyaweke kando makato ya NSSF, ya bima ya afya na ya nyumba. Kila mwezi, shilingi 24,000 za kwanza hutozwa asilimia 10, shilingi 8,333 zinazofuata hutozwa asilimia 25, na zilizosalia asilimia 30. Ukitoa nafuu ya shilingi 2,400, mwajiri anakata karibu shilingi 10,383 kila mwezi. Kwa miezi sita, zimefika shilingi 62,300.

Lakini ushuru wa mapato ni wa mwaka mzima. Mwajiri hukata kila mwezi kana kwamba mshahara utaendelea hadi Desemba, naye mtu wetu tangu Julai hana kitu. Mapato yake ya mwaka ni shilingi 360,000 tu. Shilingi 288,000 za kwanza, kwa asilimia 10, zinaleta 28,800. Shilingi 72,000 zilizosalia, kwa asilimia 25, zinaleta 18,000. Ukiondoa nafuu ya mwaka, ambayo ni 28,800, anapaswa kulipa shilingi 18,000. Yeye amekwisha kukatwa 62,300. Zilizozidi ni 44,300.

Hizo ni karo ya shule. Ni kodi ya nyumba ya miezi kadhaa. Na mwenye kuzidai ni mtu asiye na kazi.

Wako wengine pia. Yuko mlemavu mwenye cheti cha msamaha, ambaye mwajiri wake aliendelea kumkata kama kwamba cheti hakipo. Yuko anayelipia bima ya maisha ambaye nafuu yake ya asilimia 15 ya malipo haikuingizwa katika hesabu ya mshahara. Yuko aliyekopa kujenga nyumba, na riba ya mkopo haikuzingatiwa. Wote hawa wanadai.

Sasa, pesa hizo zitafika lini? Swali hili huulizwa kama vile jibu lake ni moja. Ukweli ni kwamba kila siku ya kuchelewa ina mwenyewe, nasi yatupasa kumjua kabla ya kulalamika.

Sehemu ya kwanza ya kungoja imo katika sheria yenyewe. Mtu wetu aliyeachishwa kazi Juni hawezi kudai mwezi wa Julai, kwa kuwa mwaka wa mapato haujafungwa. Atangoje Januari, mwajiri atoe fomu ya P9 inayoonyesha mshahara na makato yote, ndipo ajaze ritani. Miezi sita hiyo hana wa kumlaumu. Lakini tabia yetu Wakenya ni kungoja tarehe 30 Juni, siku ya mwisho, tukapange foleni katika saiba. Hapo mdai amejiongezea miezi mingine karibu sita kwa hiari yake.

Na hapo saiba kuna balaa lingine. Kijana wa kompyuta ana watu arobaini nyuma yako. Anakuuliza, “Unafanya kazi?” Wewe unasema, “Kwa sasa hapana.” Anakujazia ritani ya sufuri, anachukua ada yake, unaondoka umetulia. Umeliambia taifa kwamba mwaka ule hukupata mshahara wala hukukatwa ushuru! Dai lako limezikwa siku hiyo hiyo. Laweza kufufuliwa, kwa maana sheria inaruhusu ritani kurekebishwa, lakini umejitafutia safari ndefu isiyo na haja. Aliyepata mshahara hata mwezi mmoja katika mwaka asikubali ritani ya sufuri.

Jambo la pili linawapita hata wasomi. Kuwasilisha ritani inayoonyesha kwamba unadai si sawa na kuomba kurejeshewa. Sheria ya Taratibu za Ushuru ya mwaka 2015, katika kifungu cha 47, inataka mlipa ushuru atume ombi, na inampa miaka mitano kwa ushuru wa mapato tangu siku alipolipa. Ombi hutumwa katika mtandao wa iTax. Saa ya Kamishna huanza kuhesabu siku ombi lilipopokewa. Nimewaona watu waliongoja miaka miwili kwa uchungu mwingi, wakiilaani serikali, na faili yao haikuwa na ombi hata moja. Hiyo stakabadhi ya kupokewa kwa ombi, yenye nambari na tarehe, ichapisheni na kuiweka pamoja na hati za shamba.

Baada ya ombi kupokewa, maafisa wa Mamlaka ya Ushuru, KRA, hulilinganisha na kumbukumbu zao. Hapa ndipo madai mengi ya wafanyakazi hukwama, na hapa ningependa tukae kidogo.

Mwajiri anapokata ushuru wa mshahara anapaswa kuuwasilisha kufikia tarehe 9 ya mwezi unaofuata, pamoja na orodha ya kila mfanyakazi na makato yake. Wako waajiri wanaokata na kukaa na pesa. Wako wanaozipeleka bali wameandika PIN isiyo sahihi, au wamemwacha mfanyakazi mmoja nje ya orodha. Fomu yako ya P9 inasema ulikatwa shilingi 62,300. Kumbukumbu za Mamlaka zinasema shilingi 20,000, au hazisemi kitu. Afisa ataliweka dai lako kando. Nawe hutajua sababu usipouliza.

Mimi nashikilia kwamba mfanyakazi aliyekatwa amekwisha kulipa. Pesa zilimtoka. Sheria imemfanya mwajiri kuwa wakala wa kukusanya, na imeweka deni la pesa zisizowasilishwa juu ya mabega ya mwajiri huyo. Kumwadhibu mfanyakazi kwa wizi wa mwajiri ni kumkamata aliyeibiwa na kumwachilia mwizi. Lakini hoja hii haitajitetea yenyewe. Inahitaji karatasi: hati za mshahara za kila mwezi, barua ya ajira, taarifa ya benki inayoonyesha mshahara ulioingia baada ya makato. Mfanyakazi anayetupa hati zake za mshahara ananinyima silaha kabla sijaingia vitani.

Na kwa kuwa tumo kanisani, niruhusuni niseme lisilopendeza. Kanisa nalo ni mwajiri. Lina karani, lina mlinzi, lina walimu wa shule ya chekechea. Kama tunawakata wale ambao mishahara yao imefikia kiwango cha kutozwa, halafu fedha zile zinaziba pengo la rangi ya ukuta au kiyoyozi cha ofisi, basi tusisimame mimbarani kuwahubiria wakubwa serikalini juu ya ufisadi. Wazee wa kamati ya fedha wamenisikia.

Yako na mambo madogo yanayochelewesha. Jina lililo kwenye akaunti ya benki halifanani na jina lililo kwenye PIN, pengine kwa sababu mama aliolewa na kubadilisha jina upande mmoja tu. Akaunti imefungwa. Anwani ya barua pepe ni ile ya saiba, na swali la afisa lilitumwa huko, likakosa jibu. Na ikiwa unadaiwa adhabu za ritani za miaka ya nyuma, ambazo kwa mtu binafsi huanzia shilingi 2,000 kwa mwaka, Kamishna atazikata kwanza. Anayetarajia 44,300 akapata 38,300 asidhani ameibiwa kabla hajatazama daftari lake.

Sasa tuje kwa dola. Kwa miaka kadhaa sheria ilimpa Kamishna siku 90 za kuamua ombi. Sheria ya Fedha ya mwaka 2025 ilizirefusha kuwa siku 120, na panapofanyika ukaguzi, siku 180. Mnakumbuka mwaka 2024 vijana waliusoma Mswada wa Fedha kifungu kwa kifungu, wakautafsiri kwa lugha za nyumbani, wakajaza barabara, na wengine hawakurudi makwao. Mswada ule ukaondolewa. Mwaka uliofuata siku hizi 30 ziliongezwa, na nadhani wengi wetu hatukuziona. Kifungu kisichopandisha bei ya mkate hakina wa kukililia.

Kuamuliwa nako si kulipwa. Mamlaka hukusanya kwa niaba ya serikali, na uwezo wake wa kurejesha hutegemea fedha zinazotengwa na Hazina ya Kitaifa kwa kazi hiyo. Hazina inapobanwa na madeni, anayeweza kungojeshwa bila kelele ni nani? Ni huyu wa 44,300. Mwaka 2023 Bunge lilipunguza muda wa kulipa kutoka miaka miwili hadi miezi sita. Nalisifu kwa hilo. Lakini soma kinachofuata: miezi sita ikipita bila malipo, fedha zile zitumike kufidia madeni yako ya ushuru, au ushuru wako wa siku zijazo.

Kwa kampuni inayouza bidhaa kila siku, hiyo ni afueni ya kweli. Kwa mtu aliyeachishwa kazi ni kitendawili. Ushuru gani wa siku zijazo, na hana mshahara? Sheria imemwambia angoje mpaka apate kazi ili apate pesa alizozihitaji kwa sababu hakuwa na kazi. Hapa ndipo penye kazi ya wanaharakati. Kifungu hicho kinahitaji marekebisho, na ombi kwa Bunge chini ya Kifungu cha 119 cha Katiba laweza kuandikwa na mtu yeyote. Hata kikundi hiki.

Wenye jamaa Marekani huwasikia wakisema pesa zao zilirudi upesi. Ni kweli kwamba idara ya ushuru ya huko, IRS, husema marejesho mengi ya ritani zilizotumwa kwa kompyuta hutoka katika siku zisizozidi 21. Hata huko kuna kungoja. Sheria ya mwaka 2015 huzuia hadi katikati ya Februari marejesho ya wanaodai nafuu fulani za wenye kipato cha chini, ili ulaghai uchunguzwe. Lakini serikali yao isipolipa ndani ya siku 45 baada ya tarehe ya mwisho ya ritani, au baada ya kuipokea kama ilichelewa, inaanza kudaiwa riba. Kwetu mwananchi anayechelewa kulipa hutozwa asilimia 1 kila mwezi. Anajua uchungu wa tarehe. Ningependa Hazina nayo iujue.

Ufanye nini basi siku zinapopita? Usirudi kwenye dirisha lile lile kuambiwa “rudi wiki ijayo.” Andika. Taja PIN yako, nambari ya ombi, tarehe lilipopokewa, na uulize maswali mawili tu: ombi langu liko katika hatua gani, na limekwama kwa sababu gani. Kifungu cha 47 cha Katiba kinakupa haki ya kutendewa kiutawala kwa haraka na kwa haki, na ya kupewa sababu kwa maandishi haki yako inapoguswa. Kifungu cha 35 kinakupa haki ya habari iliyo mikononi mwa serikali. Ukipata jibu la kukataliwa, usilale nalo, kwa maana siku za kulipinga ni 30, na zikipita mlango unakuwa mzito. Jopo la Rufani za Ushuru lipo, lilianzishwa kwa sheria ya mwaka 2013. Na ikiwa tatizo ni ukimya tu, kuna ile tume inayoitwa Ombudsman, ambayo hupokea malalamiko bila malipo.

Atakayekwambia kwamba ana mtu wake ndani, na kwamba kwa kitu kidogo faili itasonga, mkimbie. Huyo hauzi kasi. Anakuuzia tena kile ulichokwisha kulipia, na akikwisha kula atakuacha na kosa la jinai.

Mwenyekiti, naona saa inanikimbiza. Walio na maombi yaliyopita siku 120 wabaki baada ya maswali; vijana wetu wawili wamekuja na kompyuta, nasi tutaandika barua hapa hapa mezani. Mje na stakabadhi ya ombi, fomu za P9 na hati za mshahara. Nenosiri la iTax aliandike mwenyewe kwa mkono wake, asimtajie yeyote, hata mimi.