Damu Ikitoka Kwetu, Jibu Nalo Lirudi Kwetu



Leo hatuongei damu ya vita. Tunaongea damu na usaha ambavyo muganga anachukua kwa mugonjwa wa mpox. Ile chupa ndogo inaenda labo, Goma ao Kinshasa. Kule mashine inasoma kirusi herufi kwa herufi, herufi karibu 197,000. Zikisha kuingia kwenye ordinatere, dunia nzima inaweza kuzifungua siku ileile. Hiyo ndiyo data ya jenomu. Chupa inapita duane, data haipiti.

Hatusemi tufunge mlango, hapana. Ni kwa njia hiyo walijua kwamba mpox iliyoonekana Kamituga mwaka 2023 ni tawi jipya la kirusi. Lakini data ilikimbia, chanjo ikatembea. OMS ilitangaza hatari ya dunia tarehe 14 Agosti 2024. Dozi za kwanza, karibu 99,000, zilifika Kinshasa tarehe 5 Septemba, kwa nchi ya watu karibu milioni mia moja.

Na Ebola? Dawa ya Ebanga ilitoka katika damu ya mutu aliyepona Kikwit mwaka 1995. Watafiti wetu wa INRB, Profesa Muyembe mbele, walifanya ile kazi pamoja na Wamarekani. Leseni iko kwa kampuni ya Marekani, Ridgeback. Sasa tunauliza: mwenye kutoa damu ana sauti gani?

Sheria si kwamba hakuna. Sheria ya numeriki ya tarehe 13 Machi 2023 inalinda data za mutu. Kirusi si mutu, lakini kinasafiri na umri wako, na kijiji chako. Tarehe 20 Mei 2025 mataifa yalipitisha Mapatano ya OMS juu ya magonjwa ya mlipuko, lakini sehemu ya kugawana virusi na faida zake waliiacha kwa mazungumzo ya baadaye. Tusipoongea sasa, wataamua bila siye.

Tunaomba mambo tatu. Moja, mugonjwa aelezwe kwa Kiswahili damu yake inaenda wapi, kabla hajatia sahihi. Mbili, atakayetumia data ya Kongo kutengeneza dawa aandikishwe kwanza dozi ngapi zitarudi, na kwa bei gani. Tatu, vijana wenye diploma tunaokaa nyumbani tufundishwe kusoma jenomu hapa Tanganyika, kuanzia kolera ya ziwa letu.

Musikatae matibabu, ndugu. Wakichukua damu, toa. Lakini uliza: inaenda wapi, nani ataisoma, na jibu litarudi lini? Kuuliza si fujo. Ni haki ya raia.