Kesi Itangulie Tingatinga
Hotuba kwa wakazi wa Njiru



Tumekuja Njiru kwa swali moja. Serikali inapotangaza kwamba ardhi unayoikalia ni yake na inaitaka irudi, ni nani mwenye mamlaka ya kuamua? Na je, uamuzi huo hutolewa kabla nyumba haijabomolewa, ama baada?

Swali hili si geni Nairobi. Mnamo Mei 1990 kijiji cha Muoroto, karibu na kituo cha mabasi cha Machakos, kilibomolewa. Tarehe 7 Julai mwaka huo wananchi wakaenda Kamukunji kudai vyama vingi. Vyama vingi tulivipata Desemba 1991, na Katiba mpya mwaka 2010. Hata hivyo, Mei 2020, katika msimu wa mvua na kafyu ya korona, nyumba zilibomolewa Kariobangi, kisha Ruai, majirani wenu. Serikali ilisema ardhi hiyo ni ya shughuli za majitaka. Wakazi wa Kariobangi walikuwa wamekwisha kupata amri ya mahakama ya kusimamisha ubomoaji, tingatinga halikuingojea.

Ndugu zetu, sheria inazo njia mbili, nazo zisichanganywe.

Njia ya kwanza ni pale ardhi ilipo yako na Serikali yaihitaji kwa manufaa ya umma, kama vile barabara. Kifungu cha 40 cha Katiba chataka ulipwe fidia ya haki, kamili na bila kuchelewa, na uwe huru kwenda mahakamani. Sheria ya Ardhi ya 2012 yaitaka Tume ya Taifa ya Ardhi kutangaza kusudi hilo katika Gazeti Rasmi, kisha, baada ya siku zisizopungua 30, ipange kikao cha kuwasikiliza wenye maslahi. Ilani ya kikao hutolewa angalau siku 15 kabla.

Njia ya pili ni pale Serikali inaposema kwamba ardhi haikuwa yako kamwe. Hapa twataka tueleweke vyema: hatumtetei mnyakuzi. Ripoti ya Tume ya Ndung'u ya mwaka 2004 ilionyesha jinsi ardhi ya umma ilivyogawiwa wakubwa, na Kifungu cha 40 hakilindi mali iliyobainika kupatikana kinyume cha sheria. Lakini imebainika mbele ya nani? Mlalamishi hawezi kuwa hakimu katika kesi yake mwenyewe. Kubainika huja baada ya kusikilizwa, na Vifungu vya 47 na 50 vinampa kila mtu haki hiyo.

Hata asiye na hati yoyote hafukuzwi usiku kwa usiku. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, anayetakiwa kuhama ardhi ya umma hupewa ilani ya maandishi ya miezi mitatu, na anaweza kwenda mahakamani kabla haijaisha.

Mwaka 2023, katika kesi ya Dina Management, Mahakama ya Juu iliamua kwamba hatimiliki pekee haitoshi. Sharti njia iliyoizaa iwe halali. Uamuzi huo ni mchungu kwa mnunuzi aliyelipa kwa nia njema, lakini una funzo. Ikiwa mwananchi hupimwa kwa utaratibu alioufuata, basi Serikali nayo ipimwe kwa kipimo kicho hicho. Haiwezi kufuta hati kwa kukiuka utaratibu huku ikimlaumu mwenye hati kwa kosa hilo hilo.

Kwa hiyo twawasihi. Wekeni mikataba ya mauziano, stakabadhi, ramani na vyeti vya hisa mahali salama, na nakala kwa jamaa aliye mbali. Msinunue ploti kabla ya kuichunguza katika masjala ya ardhi. Afisa akija, mwulizeni kwa heshima: ilani iko wapi, imetiwa sahihi na nani, na kikao cha kutusikiliza ni lini? Tena msingoje kila mmoja zamu yake. Nendeni mahakamani kwa pamoja, na mapema.

Nyumba ikishabomolewa, hukumu nzuri haiisimamishi tena. Ndiyo maana twasema: kesi itangulie tingatinga.