Ajira ya Marehemu si Urithi wa Mtu Mmoja



Mtumishi anapofariki angali kazini, familia yake hupoteza mtu, kisha hupoteza mshahara. Nchini India upo utaratibu wa siku nyingi wa kuikinga familia na pigo hilo la pili. Mmoja wa jamaa waliokuwa wakimtegemea marehemu huweza kupewa kazi serikalini bila kushindania nafasi hiyo na watu wengine. Huo ndio uajiri wa huruma. Nafasi zenyewe ni chache: utaratibu wa Serikali Kuu wa mwaka 1998 uliweka kikomo cha asilimia 5 ya nafasi za kuajiri moja kwa moja katika ngazi za chini.

Yafaa kuuliza: kwa nini mtu mmoja aruhusiwe kuwapita vijana wengi wanaotafuta kazi, hali Katiba ya nchi hiyo inataka usawa? Mwaka 1994, katika shauri lililohusu Jimbo la Haryana, Mahakama ya Juu ya India ilijibu kwamba shabaha ni kuiwezesha familia kuvuka dhiki ya ghafula, wala si kumgawia mtu cheo. Kwa hiyo upendeleo huo ni wa familia nzima. Aliyeajiriwa ni mshika amana tu.

Matatizo huanza hapo. Wakati mwingine mjane mwenyewe huridhia kwa maandishi kazi apewe shemeji au baba mkwe, ama kwa kuwa hakusoma, ama kwa kuwa ana watoto wachanga. Miezi ikipita, yule aliyeajiriwa huanza kuuona mshahara kuwa ni wake peke yake, na mjane huonekana mzigo.

Sheria ya kawaida ya matunzo haimfikishi mbali. Sheria ya Wahindu ya mwaka 1956 inampa mjane asiyeweza kujikimu haki ya kutunzwa na baba mkwe, lakini kwa kadiri ya mali ya ukoo iliyo mikononi mwa mzee huyo, na haki hiyo hukoma mjane akiolewa tena. Kifungu hicho hakimtaji shemeji.

Kinachomwokoa mjane ni karatasi moja. Utaratibu wa mwaka 1998 unamtaka anayeajiriwa atie sahihi ahadi ya kuwatunza vyema wategemezi wengine wa marehemu. Akithibitika kuwatelekeza, aweza kuachishwa kazi. Waswahili husema ahadi ni deni, na deni hili limo ndani ya faili la serikali.

Lakini adhabu hiyo ina kasoro. Mwajiriwa akifukuzwa, mjane hapati hata senti moja. Njaa huwa ya wote wawili. Dawa iliyo bora ni kukata sehemu ya mshahara na kumpelekea mjane moja kwa moja. Mwaka 2025 Mahakama Kuu ya Rajasthan iliamuru hivyo: rupia 20,000 kila mwezi zikatwe katika mshahara wa baba mkwe aliyeajiriwa baada ya kifo cha mwanawe, apewe mkwewe mjane.

Wapo watakaosema kwamba mwajiriwa naye hutoka jasho, na ana watoto wa kulisha. Ni kweli, ndiyo maana mjane hadai mshahara wote, bali fungu. Jasho ni la mwajiriwa, lakini mlango aliopitia ulifunguliwa na kifo cha mume wa mwanamke huyo.

Haifai mjane asubiri miaka mahakamani kwa haki inayoweza kulindwa ofisini siku ya kwanza. Ofisa anayeshughulikia ajira ya namna hii hana budi kuorodhesha wategemezi wote, kuandika kiasi cha fedha ambacho kila mmoja atapata, na kupata idhini ya kukata mshahara kabla barua ya ajira haijatoka. Naye mwalimu, ambaye mara nyingi ndiye anayeombwa kusoma karatasi za serikali, amweleze mjane maana ya sahihi yake kabla hajachovya kidole katika wino. Mjane akishaelewa anachokubali, na kiasi chake kikiwa kimeandikwa, hatakuwa mwombaji mlangoni kwa shemeji yake.