Barua Isiyosikika
Karani akipiga picha barua ya basari na kuituma kwenye kundi la WhatsApp, wewe unasoma. Simu ya jirani asiyeona, inayomsomea kwa sauti, mara nyingi hutamka “picha” tu, ikanyamaza. Na tarehe ya mwisho imo humo humo!

Kabla ya kutuma faili, jaribu hivi: gusa neno moja ndani yake, ushikilie kidole. Lisipochaguliwa, huenda hiyo ni picha, hata ikiitwa PDF. Likichaguliwa, washa kisoma-skrini, yaani ile sauti ya simu inayosoma, fumba macho, usikilize. Kwenye majedwali ndiko mara nyingi mambo yanakoharibika.

Kifungu cha 54 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinampa mwenye ulemavu haki ya mawasiliano yanayomfaa. Makarani, tafadhali tumeni maandishi yenyewe.